Baada ya Kusikiliza Utetezi Wako

Sentensi hiyo niliikuta kwenye mashine, Khalayi.
Sikuitunga mimi.
Ilikuwa ndani ya barua ya mwaka juzi,
ya muuza bia mmoja wa Webuye.
Nikafuta jina lake, nikapachika lako,
nikafuta bia, nikaandika mbolea,
na kwa kuwa saa saba ilikuwa imekaribia
na njaa inanikata,
sehemu iliyobaki niliiacha ilivyo:
"Baada ya kusikiliza utetezi wako,
ofisi hii imeridhika kwamba..."

Utetezi upi?
Siku hiyo ulikuwa nyuma ya kaunta yako, Chwele,
ukipima mbegu za sukumawiki kwa kizibo cha soda,
ukimwambia mtu asipande
mpaka mvua irudie mara ya pili.
Hukujua kuna shauri.
Hukujua una jambo la kujibu.

Wito ulikuwepo, nisiseme uongo.
Nao niliupiga chapa mimi: ufike Alhamisi,
saa tatu, chumba namba sita, uje na risiti.
Sitati tarishi akauweka chini ya kiti cha pikipiki
pamoja na mkate wa watoto wake,
akakufikishia Ijumaa.
Kwenye daftari la kupokelea barua
kuna sahihi yako ya Jumanne.
Wewe huandika K yako kama mtu anayepiga teke.
Ile ya daftarini imesimama wima, kama askari.

Jumatatu wakaja na kufuli.
Wakaitoa leseni ukutani, na fremu yake;
pakabaki mraba uliokoza kijani
na msumari usio na kazi.
Nimeambiwa ulisema neno moja tu:
"Friji."
Mlikuwa na chanjo ya kideri humo, dozi elfu mbili.
Hakuna aliyekujibu. Si kwa ukatili.
Fomu yao haikuwa na mahali pa kuandika friji.

Kwetu hata mwizi wa kuku
huulizwa: jana jioni ulikuwa wapi?
Huenda atadanganya. Huenda watampiga hata hivyo.
Lakini huulizwa,
na bila swali hilo dogo
kikao ni watu wenye hasira waliopata viti.

Siku arobaini na moja.
Mvua ikaja, ikarudia,
watu wakapanda mahindi ya kula.
Kuku wa Kabuchai wakapinda shingo,
wakazunguka, wakalala.

Kisha bodi ya rufaa, nami nikaitwa.
Bwana mkubwa alinitazama kama mtu anayetazama mlango
asiokumbuka kama aliufunga.
Mwenyekiti, mama mwenye miwani iliyoshikizwa kwa uzi, akauliza:
Utetezi huu aliusikiliza nani?
Nikasema: hakuna.
Basi nani aliandika kwamba ulisikilizwa?
Nikasema: mashine.
Akangoja.
Nikasema: mimi.

Hawakusema mbolea yako ni safi.
Nataka ulielewe hilo,
maana nilikuona ukitoka umeinua mikono.
Magunia yale sita bado yana maswali,
na yule ambaye mahindi yake yaliungua
hakuyachoma kwa macho.
Walisema tu: rudini mwanzo.
Mpeni lalamiko kwa maandishi, jina la mlalamishi,
siku kumi na nne,
na kiti.

Jana nimepiga wito mpya.
Nimeuleta mwenyewe, kwa miguu kutoka stendi,
ndiyo maana viatu vyangu vina tope hili.
Usome polepole. Sahihi weka hapa,
ile K inayopiga teke.
Na ile sentensi nimeifuta kwenye mashine.
Pale ilipokuwa nimeacha nafasi,
mistari sita mitupu.
Ikikupungukia,
geuza karatasi, uandike nyuma.