Kata

Mwenye filamu alifika Moshi na begi moja
na kofia iliyochoka kuliko yeye.
Orelyani Tesie, miaka sabini na miwili.
Mimi, kwa Kifaransa changu cha seminari,
Kifaransa cha kuungama na kuomba mkate,
nikaajiriwa kuwa mdomo wake kwa wiki tatu.

Usiku, baada ya supu, alinihesabia filamu zake
jinsi mzazi anavyohesabu watoto, wazima na marehemu.
Ya kwanza aliitengeneza kwa mkopo wa mjomba mwenye bucha.
Ikapata tuzo. Mjomba akalipwa picha yenye sahihi.
Ya tatu, ukumbi mzima ulisimama ukapiga makofi.
Ya tano ulisimama pia,
ukatoka nje.
Ya nne hakuitaja.
Halafu miaka kumi na mmoja ya kuwaandikia wengine maneno,
nao wakayavisha majina yao.

"Zote kwa mkono," alisema, akafungua daftari:
kurasa nyeusi tii kwa mistari iliyofutwa,
na hapa na pale neno moja lililonusurika,
nyumba iliyobaki baada ya mafuriko.

Hii ya kumi na mbili aliitakia treni isiyokuja,
stesheni yetu, nyasi kwenye reli, na Kibo kwa nyuma.
Siku nne Kibo akajifunika gubigubi.
Kamera ikalala. Vijana wa Njoro wakalipwa kwa kukaa.
Sisi wenyeji tuliona haya kwa niaba ya mlima.

Siku ya tano, saa kumi na mbili na robo, mlima ukatoka.
Akaitwa Bi. Mwantumu Shekiondo, muuza ndizi wa Kiboriloni,
avuke reli na mkungu kichwani. Avuke tu, basi.
Akavuka kwa mwendo wa mtu aliyeacha biashara kwa jirani asiyeaminika.
Mzee akapaza sauti.
Nikatafsiri: "Kata!"

Bi. Mwantumu akasimama katikati ya reli,
akapeleka mkono utosini, chini ya mkungu.
"Kata yangu ina nini?"

Maana kwao Korogwe kata ni ule mviringo wa kitambaa
unaokaa kati ya kichwa na mzigo.
Tulicheka hadi mshika taa akachuchumaa.
Nilipomweleza mzee, hakucheka.
Akaniuliza taratibu, kama anayeungama:
neno la kukatia ndilo neno la kubebea?
Ndilo, nikasema. Na ni la kuchotea maji mtungini.
Na Kiboriloni penyewe ni kata, ina diwani.
Akavua kofia. Akaandika.
Mstari ule sikumwona akiufuta.

Filamu ilitufikia baada ya miaka miwili,
ikaonyeshwa kwenye shuka, ukumbi wa parokia.
Bi. Mwantumu alikuja na kanga mpya na wajukuu watatu.
Saa nzima na ushei tukitafuta uvukaji wake.
Haukuwemo.
Kilichokuwemo ni mkono unaopanda kwenda utosini,
kiwiko cha kushoto, na chini ya kwapa, mbali,
theluji ya Kibo.
Sekunde mbili. Labda tatu.
"Huyo mimi!" alisema kwa sauti, na Padri akageuka.
Mjukuu mdogo akabisha: bibi ana uso.

Juzi nilipata habari kwamba mzee amefariki.
Filamu kumi na mbili, tuzo mbili, ndoa tatu:
ndivyo walivyomfupisha, naye mfupishaji.
Nikashuka sokoni kumwambia Bi. Mwantumu.
Alikuwa akitenga mshare na kimalindi.
Hakuuliza alikufa kwa nini, wala aliacha nini.
Aliuliza: "Alikuwa na kitu cha kuweka kichwani?"
Nikasema alikuwa na kofia.

"Kofia si kata," akasema,
akanisogezea mkungu nimshikie.