Madeni ya Oresto

Daftari nililikuta mfukoni mwa koti lake,
kingo zimeliwa na jasho.
Hakuandika mengi marehemu:
jina, mahali, kiasi.
Nikalivaa koti, nikaondoka.

Nilianzia Ilula.
Nyanya zilikuwa zinaozea kando ya lami, zimekosa bei,
na Mama Sekinyaga akahesabu elfu tatu zangu polepole,
kisha akanipa nyanya moja, nzima.
Niliishika hadi Ipogolo bila kuila.

Pale darajani nikakaa.
Ruaha Mdogo umejaa, rangi ya chai ya maziwa,
unabeba ndala moja ya mtoto.
Moja tu.
Nikaitazama mpaka ikapotea kwenye kona.

Mjini nilipanda kwa miguu.
Fundi viatu wa Miyomboni hakumkumbuka.
Nikamweleza: mrefu, ana mwanya,
hucheka kabla ya kusema.
"Wako wengi," akajibu, akapokea mia tano.
Jioni ile mitaa niliyokulia
ilinipita kama watu wasionijua.

Ifunda, mvua.
Sijui kama nililia.

Mafinga misonobari imepandwa kwa kamba, mstari kwa mstari.
Nilitembea humo nusu siku
nikitafuta mti mmoja uliokosea njia.
Huzuni iliyonyooka namna ile siiwezi,
yangu ni kichaka.
Kihwele, mpasua mbao, alikataa elfu kumi.
"Za karata hizo," akasema. "Nilimwibia."
Tukacheka, mimi mara ya kwanza tangu matanga,
na kicheko kikanichoma mbavu kama kikohozi.

Kila jina nililolikata kwa kalamu
miguu iliongezeka uzito.
Nyololo nililala siku mbili, bila ugonjwa.

Likabaki moja.
Makambako: Mgaya, ulanzi, mia nne.
Upepo wa kule haubishi hodi,
uliingia kotini, ukapekua mifuko yote.
Kilabu kiko ng'ambo ya reli.
Nikasimama nje ya mlango, sarafu zimepata joto kiganjani,
salamu tayari mdomoni, kamwene,
nikasikia mtu ndani anafoka:
"Na yule Oresto wa Iringa ananikwepa!
Anajua ana deni langu.
Atakuja tu. Atapita wapi?"

Anajua. Atakuja.

Nikazirudisha sarafu mfukoni, taratibu, zisilie.
Nikafunga kifungo cha juu cha koti,
nikaenda kutafuta pa kulala.