Mlo Huanza na Uchungu

Kwetu Kolkata mlo huanza na uchungu:
karela na mronge, maziwa kidogo.
Ulimi uamke kwanza, alisema mama mkwe,
utamu hujileta wenyewe.

Leo jiko ni langu. Majani ya mgomba nimeyafuta
mara mbili, kama mtu afutaye uso wa mtoto.
Mume wangu Nirupam huku,
ndugu yake Debkumar kule,
na katikati yao nyumba ya baba, iliyouzwa,
na miaka sita bila hata hujambo.

Nimewapikia ilishi kwa haradali.
Si kwa utamu wake. Kwa miiba.
Samaki huyu haliki kwa hasira:
vidole hupapasa, ulimi huchambua,
maneno hungoja zamu.

Kukawa kimya, kimya cha kazi.

Kisha Debkumar akakohoa, macho yakamtoka.
Nirupam, bila kumtazama,
akafinyanga tonge la wali mtupu
akaliweka kwenye jani la mwenzake.
“Meza. Usitafune.”

Akameza.
“Umepita?”
“Umepita, kaka.”

Mtindi mtamu ungali chunguni, jikoni.
Hakuna aliyeuulizia.