Serikali Haina Chenji

Saa tano usiku, uwanja wa ndege, Embakasi,
nilimuuliza ofisa wa forodha
dirisha la kurudishiwa kodi liko wapi.
Akanitazama kama mtu aliyeulizwa bandari,
naye yuko Machakos.

"Hilo hatuna, madam." Beji yake: Sichangi.
Nyuma yangu hapakuwa na foleni.
Ndege ya Doha ilikwisha kuchukua watu wake,
tukabaki sisi, mfagiaji mmoja,
na taa iliyokuwa ikikonyeza.
"Kwani huko kwenu wanarudisha?"

Huko kwenu.
Nilizaliwa Pumwani, nikalelewa Jericho,
lakini pasipoti mkononi ilikuwa ya Ubelgiji,
rangi ya ini.
"Ndiyo," nikasema. "Huko kwetu wanarudisha."
Neno lile lilikwama kama mwiba wa samaki,
likitaka tonge la ugali lilisukume.

Nikamweleza: unaonyesha risiti,
unaonyesha kitu chenyewe, kipya, hakijaguswa,
unathibitisha kwamba kinaondoka nawe
na kwamba wewe si mwenyeji.
Wanagonga muhuri.
"Ni hivyo tu?"
"Ni hivyo tu."
Akavuta kiti. "Hebu tujaribu. Leta risiti."

Ya kwanza, vitenge, Mtaa wa Biashara.
"Viko wapi?"
Hiki nilichovaa ni kimoja, nikasema,
na pindo lina tope la Lang'ata.
"Kimetumika."
Akaisukuma kando kwa kidole kimoja,
amekunja uso kama hakimu, mchezo umemkolea.

Ya pili, sufuria kubwa ya wapishi wa matanga,
Gikomba, imeandikwa kwa kalamu
kwenye karatasi iliyochanwa daftarini.
"Hii kodi yenyewe haikulipwa!"
Akacheka hadi mfagiaji akageuka.

Majani chai, kilo nne. Yalinywewa yote
kabla ya usiku wa tatu.
Hata hakuuliza.

Ya nne alikaa nayo.
Marumaru nyeusi, futi mbili kwa tatu,
fundi wa Kariobangi, shilingi elfu arobaini,
kodi elfu sita na mia nne.
RAEL MBATHA KITHOME.
Herufi kumi na saba. Alizihesabu kwa midomo.
"Jiwe liko kwenye mzigo?"
"La."
"Wala halitakuja?"
"Mama alikataa hata kupelekwa Mwala.
Alisema safari za basi zilimchosha akiwa hai,
hataki nyingine."

Sichangi hakucheka.
Akaitazama pasipoti, akanitazama mimi,
akairudia risiti.
"Basi kwa sheria yenu hii haipiti.
Kitu kimebaki nchini."
Kisha, sauti ya chini, kama anayeongea na jirani
juu ya ua wa michongoma:
"Na aliyekinunua, mimi sioni kama ni mgeni."

Nilitafuta jibu.
Nikapata kamasi.

Akazipanga zile karatasi, hata ile ya Gikomba,
akazibana kwa klipu yake mwenyewe,
akapekua mfuko wa shati
akaweka juu ya kaunta peremende ya mnanaa,
ile ile wanayokusukumia dukani
shilingi mbili zikikosekana.
"Serikali haina chenji," akasema.

Wakaita ndege yangu mara ya mwisho,
na jina langu wakalivunja katikati:
Siyo. Mbuwa.
Nikaitika kama tulivyokuwa tukiitika shuleni,
kwa nguvu, mkono juu,
nikaenda nikimumunya,
viatu vikiacha alama kwenye sakafu
iliyokuwa imekwisha kupanguswa.
Nyuma yangu nikasikia ndoo ikikokotwa,
halafu mopu.