Jino la Nta

Nilimjua kwanza akiwa mdogo kama ukucha wangu,
picha baada ya picha, nimevaa glavu nyeupe,
mkasi kando, katika chumba cha kuhariri filamu
huko Uzumasa, magharibi mwa Kyoto,
ambako baridi ya Februari huingia hadi kwenye gundi.

Tamekichi. Miaka sita.
Kazi yake: mrithi wa upanga, yatima,
mtoto wa kufa mara nne kwa mwaka
na kufufuka Jumatatu kabla ya chai.

Kati ya daraja na lango jino lake la mbele likang'oka.
Darajani analo. Langoni ana pengo.
Na kwenye hadithi daraja na lango ni pumzi moja:
mtoto anakimbia, anavuka, anabisha.
Gonpachi wa vifaa akayeyusha mshumaa,
akafinyanga jino, akalibana kwa kidole gumba.
"Usicheke," akamwambia. "Wala usile cha moto."
Siku kumi na tisa mtoto alikula wali wa baridi
huku wenzake wakipuliza supu.

Watazamaji hawakuona kitu. Mimi niliona.
Kwenye negativu meno huwa meusi,
na lile lilikuwa kama shimo lililozibwa kwa moshi.

Jino lenyewe je? Hakuna aliyeuliza.
Kwetu la chini hurushwa paani,
la juu hutupwa uvunguni mwa nyumba,
ili jipya lijue pa kuelekea.
La Tamekichi alibaki nalo Gonpachi, apate mfano wa kuigia,
likapotelea kwenye kopo la misumari.

Kisha sauti ikakwaruza, miguu ikarefuka
(walimlaumu kwa miguu, kana kwamba aliirefusha kwa makusudi).
Vita vikamchukua, vikamrudisha.
Akaingia studio kwa mlango wa nyuma,
akibeba vigoda na kamera za watu,
akiwashikia wakurugenzi mwavuli.
Miaka kumi na mmoja ya mwavuli.

Walipompa filamu yake ya kwanza alikuwa na mvi mbili.
Fedha haba, siku ishirini, na mtoto aitwaye Mitsugu.
Siku ya tano Mitsugu akauma biskuti ngumu ya mchele,
akatema kitu cheupe kiganjani, akatutazama
kama mtu aliyevunja bakuli la mgeni.

"Nta!" akasema msimamizi wa fedha. "Nani ana mshumaa?"

Tamekichi akatoka nje.
Nilimwona dirishani, mdomo kaufunga,
ulimi ukipapasa ndani, jino kwa jino.
Aliporudi akachana kurasa mbili.
"Mtoto ana pengo," akasema.
"Hadithi nayo iwe nalo."
Kelele zilizofuata ziliwashusha mafundi umeme ngazini.

Ila nyumba yetu ya studio haikuwa na uvungu:
mbele mbao, nyuma mifuko ya mchanga.
Tukaenda kwa Orie mfagiaji, ng'ambo ya reli,
tukavua viatu, tukaomba radhi, tukaomba uvungu.
Akakimbia kuondoa kwanza mapipa yake ya figili za chumvi,
akiona haya, nasi tukisema usijali, usijali.

Kamera inazunguka. Mitsugu kafumba ngumi.
Hataki. Ni lake, na hajawahi kuwa na kitu kidogo hivyo.
Filamu inaliwa, mita kwa mita, nasi hatuna ya ziada.
Ndipo kutoka ukingo wa kushoto unaingia mkono
wa mtu mzima, mtupu,
unarusha gizani kitu kisichokuwepo,
unatoka.
Mtoto anaucheka. Kisha anarusha lake.

Ofisi ikaagiza: mkono ule ukatwe.
Picha nane. Theluthi ya sekunde.
Mkono mtupu haulambwi, najua,
lakini nilikaa nao mezani hadi taa ikapata joto.

Nikachukua mkasi.
Nikakata uzi uliochomoka kwenye glavu yangu.
Daftarini nikaandika: umekatwa.