Ukurasa wa Mwisho

Kitabu kilikuwa kimoja, darasa la tano sisi sabini na mbili,
na ukurasa wa mwisho Kasubi mlinzi
aliusokotea tumbaku, usiku wa baridi, Juni, Urambo.
Hakukana. "Ulikuwa laini," alisema.

Basi mchezo wetu ukakosa mwisho.
Nyanzala amefika njia panda,
taji la kifuniko cha debe linamteleza hadi puani:
kulia harusi, kushoto shule ya bweni
(bweni hatukulijua; tulichora geti tu, kwa chaki, sakafuni).
Mimi nilikuwa mti. Gunia la tumbaku kiunoni,
matawi ya mninga kwapani, siafu shingoni.
Mwalimu Mihayo alinionya: mti hausemi.

Siku ya wazazi ikafika.
Nyanzala akatazama kulia, akatazama kushoto,
akatazama mabati.
Kimya.
Mama yake, safu ya mbele, midomo ilimcheza
kama anayemsomea mtu wa mbali.
Mratibu wa elimu akaangalia saa.
Nikasahau kuwa ni mti:
"Kaa. Tucheze kwanza."

Akavua taji. Akaketi kivulini mwangu,
akatoa kokoto za mdako, akarusha moja,
akazoa tatu, akadaka.
Bwana harusi akaja, akachuchumaa.
Mkuu wa bweni naye, miwani ya waya mkononi:
"Zamu yangu lini?"

Wa kwanza kupiga makofi alikuwa Kasubi, pale mlangoni,
moshi ukimtoka puani.
"Ndivyo," alisema. "Ndivyo hasa ulivyoandikwa."