Hii, au Hii?

Mchana napima macho katika duka la miwani,
juu ya muuza vitambaa, mkabala na soko la Kibuye.
Namvika mteja fremu nzito ya chuma, natia kioo, natoa:
"Ipi inaonyesha vizuri? Hii, au hii?"
Wengine huogopa kujibu,
kana kwamba macho yao wenyewe yatawaangusha mtihani.

Usiku napima maneno ya watu nisiowajua.
Tu wachache, walinzi wa kamusi elezo ile ya wote,
isiyo na mwenyewe, isiyo na ukurasa wa mwisho:
mmoja yuko Eldoret, mmoja Oslo anasomea udaktari,
na mimi hapa Nyalenda, mvua ikianza tu mtandao hukatika.

Saa nne na robo akaingia mgeni: ELPHAS MUKOLWE,
herufi kubwa zote, kama abishaye mlango kwa fimbo.
Akafungua ukurasa wa reli ya Butere,
mistari minne mikavu niliyoipanda mwenyewe mwaka juzi,
akaumwagia aya kumi na moja zisizo na nukta.

"mimi nilikuwa karani wa tiketi pale Yala nimeona kwa macho yangu
garimoshi likisimama Lela kumngoja mama aliyesahau kuku wake
na dereva akapiga honi mara mbili tu kwa heshima"

Nilicheka. Nikasoma tena. Sikucheka.
Kidole tayari kilikuwa juu ya kitufe cha kutengua.
Mbofyo mmoja, na Yala ingerudi kuwa jina kati ya majina,
kuku asingekuwepo, wala honi.
Sheria ni sheria: macho yako si chanzo.

Andiko langu la kwanza lilifutwa kwa dakika mbili.
Kinu cha mpunga cha babu, Ahero,
na vumbi lake jeupe kwenye nyusi za wapagazi.
Aliyefuta aliacha maneno mawili: "Si muhimu."
Mwaka mzima nilisoma tu bila kugusa kitu,
nikipita kwenye kurasa zile
kama mgeni aogopaye kukanyaga zulia.

Nikaandika: "Karibu. Mchango wako hauna vyanzo."
Nikafuta. Karibu gani hiyo, rungu nyuma ya mgongo?
Nikaandika: "Hongera, kazi nzuri mno!"
Nikafuta. Mtu mzima hapewi peremende.
Nikaorodhesha kanuni tano, viungo saba;
ikawa barua ya benki.

Mwisho: "Ndugu Mukolwe, kuku wa Lela ameniingia moyoni.
Ila msomaji aliyeko Mtwara hawezi kukufikia akuulize;
anahitaji karatasi ya kushika.
Je, una ratiba ya zamani, gazeti, ripoti ya shirika?
Ukipata vyanzo hizi, tutazipanga pamoja.
Maandishi yako sijayatupa,
nimeyahamishia ukurasa wako wa mazoezi."
Nikatuma. Mvua ikaja. Mtandao ukaenda zake.

Siku tatu, kimya.
Ninakijua kimya kile. Nimelala juu ya zulia lake.

Siku ya nne, kati ya kijana wa miwani ya jua
na bibi mwenye mtoto wa jicho, simu ikatetemeka.
Alikuwa amerudi. Nukta zilikuwepo,
hata pale zisipotakiwa.
Chini kabisa rejeo moja: ratiba ya shirika, ukurasa wa saba,
Lela, dakika tatu.
Mama na kuku wake hawakuwemo. Amewatoa mwenyewe.
Nikajihisi kama niliyemshusha abiria porini,
tiketi yake ikiwa halali.

Na chini ya ujumbe wangu:
"ASANTE MWANANGU. NIMEKUSAHIHISHIA KIDOGO.
VYANZO NI HIVI, SI HIZI. TUTAVIPANGA, SI TUTAZIPANGA.
PALE YALA NINGEKURUDISHA NYUMA YA FOLENI.
KUKU NIMEMWEKA KWENYE DAFTARI LANGU."

Nilibofya shukrani, mara mbili, ingawa mara moja hutosha.
Bibi alikuwa bado ameketi, fremu puani, ananingoja.
Nikatia kioo, nikatoa.
"Hivi, au hivi?" nikauliza.
Akavua fremu polepole,
akanitazama kwa macho yake tu.